Maswali yenu ya mshubiri: jani moja, dawa mbili

Toleo lililopita niligusia mshubiri, huo wengi mnauita aloe, kwa mistari miwili tu, nikasema jani lake lisiende kwenye blenda na ganda lake, basi toka siku ile maswali hayajakatika, kila mtu ana mshubiri wake uani na kila mtu ana bibi aliyemfundisha kuutumia. Nimechagua saba. Ila kabla sijajibu naomba mfanye kitu kimoja. Kakateni jani la chini, lile nene la nje, lisimamisheni kwenye kikombe cheupe sehemu iliyokatwa ikiangalia chini, alafu muache dakika 10. Mkirudi mtakuta maji ya njano yamechuruzika, yanageuka kahawia kadiri yanavopigwa na hewa, na yakidondokea kanga hilo doa halitoki leo wala kesho. Lamba tone moja tu utajua kwa nini tunasema chungu kama shubiri. Hiyo ndo shubiri yenyewe, inakaa kwenye vijishipa vilivyo chini tu ya ganda. Sasa menya ganda, ndani kuna ute mweupe unaoteleza kama mlenda, karibu wote ni maji, uchungu wake mdogo sana ukiuosha vizuri. Utomvu wa njano na ute mweupe ni vitu viwili, kila kimoja na kazi yake mwilini, na karibu kila shida mliyoniandikia imetokana na kuvichanganya.

Shikamoo shangazi. Mwanangu ana mwaka na miezi minne, hataki kuacha ziwa kabisa na mi nimesharudi kazini. Mama mkwe ananiambia nipake shubiri kwenye chuchu, anasema watoto wake wote sita kawaachisha hivo na wapo wazima. Siwezi kumbishia. Nifanyeje? (Mama wa mtoto mmoja, Mbagala)

Marahaba mwanangu. Mama mkwe wako hajaitunga hiyo, ni mila ya pwani nzima na bara pia, hata mama yangu aliifanya. Mi nakumbuka mdogo wangu alivyoachishwa, tulikuwa Tanga. Bibi alikuwa na kipande cha shubiri kavu, cheusi kama lami, ukikivunja ndani kinang'aa, alikifunga kwenye kipande cha kanga na kukificha juu ya kabati. Akakilowesha kwa mate, akapaka. Mdogo wangu akashika ziwa kama kawaida yake, akaachia, akamtazama mama usoni muda mrefu kabla hajalia, na ule mtazamo sijausahau mpaka leo. Kesho yake aliharisha siku nzima, watu wakasema ni meno.

Haikuwa meno. Kwenye ule utomvu kuna kitu kinaitwa aloini, hakifanyi mengi mpaka kifike utumbo mpana, huko bakteria wanakivunja na hapo ndo kinauchokoza utumbo usukume na kuvuta maji. Mtu mzima ataenda choo mara kadhaa na tumbo litamsokota, basi. Mtoto wa kilo 10 maji yanamwisha upesi sana, na huwezi kupima amelamba kiasi gani kwa sababu hakuna dozi ya kidole. Alafu na wewe mwenyewe ukikata ziwa siku moja maziwa yanajaa, ziwa linakuwa gumu kama jiwe, homa inapanda, na likipata vijidudu linafanya jipu.

Tena huna haraka yoyote. Shirika la Afya Duniani linasema miezi 6 ya mwanzo maziwa ya mama peke yake, baada ya hapo chakula na ziwa mpaka miaka 2 au zaidi, na kwa msomaji Mwislamu miaka miwili kamili imetajwa kwenye Sura ya al-Baqara kwa anayetaka kukamilisha. Kwa hiyo muachie la asubuhi kabla hujatoka na la usiku, ya mchana ondoa moja moja, kila baada ya siku kadhaa, mahali pake weka uji wa maziwa, parachichi, ndizi ya kuponda. La usiku litakuwa la mwisho. Na mama mkwe usimbishie, mpe kazi. Mwambie mama nimekusikia, naomba nianze na mchana kwanza, na usiku akiamka wewe ndo umbebe maana kwangu ananusa maziwa tu analia. Bibi mwenye mjukuu mgongoni hana muda wa kutafuta shubiri.

Assalamu alaykum bibi. Nipo Maskati, mzaliwa wa Unguja. Waarabu wanaiita sabr na mzee wangu ananambia ni neno moja na subira. Kweli? (Msomaji, Oman)

Waalaykumu ssalaam. Kweli kabisa, mzizi ni mmoja, na ndo maana wazee wengine wa kwetu mpaka leo wanasema subiri badala ya shubiri. Na jambo lingine la kukufurahisha, huo unaouzwa kila supamaketi duniani, Aloe vera, asili yake ni huko huko Rasi ya Arabuni ulipo wewe. Zamani shubiri iliyochemshwa ikagandishwa ilisafiri na majahazi ikapita bandari ya Unguja, wanunuzi wa Ulaya wakaibandika jina la Zanzibar japo nyingi ilikuwa imetoka mbali. Sisi visiwani wa kwetu tunao, upo mmoja wa Pemba unaitwa Aloe pembana, lakini huo si wa biashara na naomba uachwe ulipo.

Shikamoo auntie. Huku kwetu karibu na Voi kuna aloe ndefu kama mti kwa kichaka, ukikata jani inanuka panya. Jirani anasema hiyo ndio aloe vera ya kienyeji na ina nguvu kushinda ya duka. Naweza kunywa juisi yake? (Kijana, Taita Taveta)

Marahaba mwanangu. USINYWE, na mwambie jirani leo leo asinywe. Umenieleza vizuri sana, mrefu, kichakani, pande za Voi, harufu ya panya, yote hayo yanaelekea kwa Aloe ballyi, ambao unaota hapo kusini mashariki mwa Kenya na kuvuka mpaka kuingia kaskazini mashariki mwa Tanzania. Ile harufu ndo onyo lenyewe. Ndani yake kuna sumu ya ukoo mmoja na ile ya mmea wa Ulaya aliyonyweshwa Sokrates, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, akafa, inalegeza misuli kuanzia miguuni kupanda juu na ikifika kwenye misuli ya kupumua ndo basi. Upo mwingine wenye sumu za namna hiyo, Aloe ruspoliana, wa pande za Ethiopia, Somalia na kaskazini mwa Kenya. Kwa hiyo mshubiri unaonuka panya hauliwi, haunywewi, wala mbuzi asipewe.

Watu wanadhani mshubiri ni mmoja. Duniani kuna aina zaidi ya 500 na karibu zote ni za Afrika, Madagaska na Arabuni, sisi tunatembea juu yake tu. Ngoja niwape namna ya kuutambua huo wa dawa ya ngozi. Aloe vera haupandi juu kama mti, unakaa chini, majani yametoka katikati kama ua, rangi ya kijani yenye kijivu, ukiwa mdogo una madoa meupe na ukikua mengi yanapotea. Pembeni unazaa watoto kibao. Na ua lake ni LA NJANO. Mingi ya kwetu inatoa nyekundu, ya machungwa au ya waridi. Ule wa milimani wenye madoa meupe yaliyojipanga na maua mekundu yaliyokusanyika juu kama mwavuli, mara nyingi ni Aloe lateritia. Ule wa nchi kavu usio na madoa, maua yake yote yamegeukia upande mmoja wa tawi kama watu wanaotazama harusi ikipita, huo ni Aloe secundiflora, Wakamba wanauita kiluma, na Wajaluo mishubiri wanaiita ogaka. Hii ya kienyeji ina dawa yake na wazee wanaijua, ila utomvu wake usiuchukulie mchezo.

Na mtu wa Tanga mwenzangu usiniletee jani la mkonge ukaniambia aloe. Nimeletewa mara tatu! Livunje, ukiona nyuzi zimebaki zinaning'inia huo ni mkonge au ndugu zake, maji yao yanawasha ngozi vibaya. Mshubiri unakatika bila uzi.

Habari dada. Mi ni dereva wa lori, vidonda vya tumbo mwaka wa tatu. Kuna mtu kaniuzia majani ya aloevera, nasaga mazima na asali na tangawizi, kikombe asubuhi kikombe jioni, leo wiki ya tatu. Kiungulia kimepungua kidogo ila naharisha kila siku, misuli ya miguu inakaza usiku na moyo unadunda. Pia natumia vidonge vya presha vile vya kukojoza. Niendelee? (Dereva, Mwanza)

Kaka yangu acha leo, na ukimaliza kusoma hii nenda hospitali, usisubiri Jumatatu. Waambie maneno haya haya: naharisha wiki tatu, natumia kidonge cha kukojoza, misuli inakaza, moyo unadunda. Waombe wapime damu waone potasiamu. Potasiamu ni chumvi inayofanya misuli na moyo vifanye kazi kwa mpangilio, wewe unaitoa njia mbili kwa mpigo, kwenye choo kwa ajili ya shubiri na kwenye mkojo kwa ajili ya kidonge, na ikishuka sana moyo unaweza kukosea mapigo ukiwa umeshika usukani. Kidonge cha presha usikiache mwenyewe, muache daktari aamue.

Sasa nieleze kwa nini umeona nafuu, maana sitaki udhani nakubeza. Ute ule unateleza, unapita kooni na tumboni kama mlenda, kiungulia kikapungua. Lakini kwenye blenda uliweka jani zima na ganda, maana yake kila kikombe kilikuwa na utomvu wa njano, yaani ulikuwa unakunywa dawa ya kuharisha mara mbili kwa siku. Bibi yangu alikuwa anatoa shubiri kwa mtu aliyefunga choo, kipande mfano wa punje ya mtama, usiku mmoja, ikiisha hapo imeisha, na mjamzito hakuruhusiwa hata kushika kitambaa chake kwa sababu inaweza kuchokoza mimba. Hakuna mganga wa zamani ninayemjua aliyempa mtu shubiri siku 21 mfululizo. Hiyo ni mila ya wauzaji wa juzi.

Wenzetu nao wameshaona. Marekani mwaka 2002 mamlaka yao ya dawa iliondoa dawa za choo za shubiri zilizokuwa zinauzwa bila cheti, watengenezaji walitakiwa kuleta ushahidi wa usalama wakashindwa kuuleta. Alafu kukafanyika utafiti wa panya walionyweshwa maji yenye dondoo ya jani zima miaka 2, wakaota uvimbe kwenye utumbo mpana, ndo maana dondoo ya jani zima ikaingizwa kwenye orodha ya vitu vinavyoweza kuwa chanzo cha saratani. Kwa binadamu haijathibitishwa, lakini mi hiyo inanitosha kuwaambieni menyeni, osheni.

Na vidonda vyenyewe kaka, miaka mitatu ni mingi mno. Vingi vinatokana na bakteria anaitwa Helikobakta, au vidonge vya maumivu kama diklofenaki na aspirini, na madereva wa safari ndefu nawajua mnavyovimeza kwa mgongo. Madaktari wawili wa Australia, Marshall na Warren, ndo walioonyesha kwamba bakteria anahusika, Marshall alimnywa bakteria mwenyewe mwaka 1984 ili watu waamini, wakapata Nobel 2005. Kapime. Akikutwa kuna dawa za kumuua, mara nyingi siku 14, uzimalize zote hata ukijisikia vizuri siku ya tano.

Shikamoo mama. Kijijini kwetu kideri kinapita kila kiangazi, tunawawekea kuku mshubiri kwenye maji. Wengine wanapona, wengine tunawazika. Unafanya kazi au tunajidanganya? (Mfugaji, Morogoro)

Marahaba. Hamjidanganyi, ila mmeutegemea kuliko uwezo wake. Watafiti hapa Tanzania walishaujaribu ule Aloe secundiflora kwa kuku walioambukizwa kideri, mwanzoni mwa miaka ya 2000, vifo vikapungua lakini havikuisha. Kideri ni kirusi, kikishaingia bandani hakuna cha kukifukuza, wala duka la dawa halina dawa yake. Kinga ipo. Chanjo ya matone ya jicho, ile ya I-2, tone moja jicho moja, unarudia kila miezi 3 au 4, na ilitengenezwa kuvumilia joto kwa ajili ya vijiji kama chenu, ingawa na yenyewe msiiache juani. Ungeni majirani wote mchanje siku moja maana kichupa kimoja kinatosha kuku wengi na kuku wa jirani asiyechanja ndo wanaovilea virusi. Chanjeni kabla kiangazi hakijaanza. Mshubiri kwenye maji kama mmezoea wekeni kidogo, jani moja kwenye ndoo, kuku wakianza kuharisha toeni.

Mafuta ya kaimati yamenirukia mkononi, mamangu kanipaka dawa ya meno. Mshubiri ungefaa? (Binti, Mombasa)

Pole mwanangu. Ungefaa lakini wa pili. Wa kwanza ni maji ya kawaida ya bomba, mkono ukae chini ya maji dakika 20, nasema 20 kweli, watu wanaweka dakika moja wanaridhika. Dawa ya meno, siagi, unga, vyote hapana, vinafunga joto ndani. Ngozi ikishapoa, kama ni wekundu tu na haijachubuka, hapo ndo ute wa Aloe vera uliooshwa ukapaka taratibu, kuungua kwa juu juu kunapona upesi zaidi nao. Pakivimba malengelenge makubwa, au ikiwa ni uso, viganja, au mtoto mdogo, hiyo ni ya hospitali.

Hujambo mama. Mimi ni wa Baringo, dalali anapita kununua utomvu wa aloe za porini kwa debe. Ukame umetumaliza na pesa tunahitaji. Kuna ubaya? (Mama wa watoto wanne)

Sijambo mwanangu, na ukame naujua unavyomfanya mtu, kwa hiyo sikulaumu hata kidogo. Lakini Kenya ilikataza kuvuna mishubiri ya porini tangu 1986 kwa amri ya rais, inayoruhusiwa ni ya kupandwa, na kimataifa mishubiri yote imo kwenye CITES, mkataba unaosimamia biashara ya mimea na wanyama wa porini kati ya nchi na nchi, isipokuwa Aloe vera peke yake. Dalali anajua hayo, ndo maana anapita jioni. Ukikamatwa utakamatwa wewe mwenye debe. Na shida nyingine, mtu mwenye haraka anang'oa mmea mzima, mwaka unaofuata kile kilima kinabaki mchanga, nyuki wanakosa maua, na chozi, yule ndege mwenye mdomo uliopinda anayening'inia kwenye maua kunywa asali, humuoni tena.

Baringo kwenu mpaka kiwanda cha aloe kiliwahi kujengwa pale Koriema, kwa hiyo mazungumzo ya kupanda si mageni. Jiungeni kina mama, muulize ofisi ya wanyamapori ya kaunti kuhusu kibali kabla hamjapanda, muuze kwa maandishi. Mmea wenyewe hauna maringo. Tenga watoto wa pembeni wenye urefu wa kiganja, waache kivulini siku 2 au 3 kidonda cha chini kikauke, usiwapande wabichi wataoza. Udongo wa kichanga, mteremko kidogo, maji yasisimame. Usimwagilie kila siku hata ukiuonea huruma, mshubiri unafunga vitundu vyake vya majani mchana na kuvifungua usiku kukiwa na ubaridi, maji yake haupotezi ovyo kama mahindi, na unaooza chini ni ule uliopendwa kupita kiasi. Kuvuna subiri majani yawe manene, kata mawili matatu ya nje kwa kisu kisafi, karibu kabisa na shina, asubuhi. Ya katikati yaache, ndo yanayoulisha mmea mpaka mvuno ujao.